Mkataba wa usafi Tampere hauna kiasi cha mshahara. Nisaini?

Shikamooni wakubwa. Nipo Nyegezi, naandaa maombi ya kibali cha kazi, nimepata kazi ya usafi wa majengo Tampere, Finland. Kwenye mshahara wameandika tu "kulingana na makubaliano ya sekta". Nilipokuwa nakata minofu ya sangara kiwandani, kima cha chini kilibandikwa ubaoni. Nimepekua sheria za Finland, sikioni.

*

Marahaba mdogo wangu. Usisaini kwanza.

Hukioni kwa sababu hakipo. Kwetu waziri hutoa amri ya mishahara, sekta kwa sekta. Finland wanategemea mkataba wa hali bora, yaani makubaliano ya chama cha wafanyakazi na waajiri, ila si wa kiwanda kimoja kama tulivyozoea, ni wa sekta nzima. Wanauita TES. Humo mna mshahara kwa daraja la kazi, nyongeza ya jioni, nyongeza ya usiku. Ukithibitishwa kuwa "yleissitova", na wa usafi ni hivyo, unambana kila mwajiri wa sekta hiyo, hata asiye kwenye chama cha waajiri. Nawe unakulinda hata kama huna kadi ya chama cha wafanyakazi. Ni Sheria ya Mikataba ya Ajira ya 2001.

Nilikaa Tampere miaka saba kabla ya kurudi Kirumba. Kampuni yangu ya kwanza ilinilipa Jumapili sawa na Jumanne, na sheria inataka mara mbili. Miezi minne sikujua! Mama mmoja wa Kisomali niliyekuwa nakamua naye matambara ndiye aliyeshika slipu yangu, akaweka kidole kwenye mstari wa saa: "Jumapili zako ziko wapi?" Kuanzia siku hiyo nikawa na kidaftari mfukoni: tarehe, saa ya kuingia, saa ya kutoka. Mwakilishi wa wafanyakazi alikwenda nacho ofisini. Walilipa zote.

Mwandikie mwajiri leo: TES ipi, daraja langu lipi, euro ngapi kwa saa, saa ngapi kwa wiki. Halafu linganisha na TES yenyewe, ipo bure Finlex, tovuti ya sheria za Finland.

*

Wabeja sana dada. Wamejibu yote. Saa wameandika "15 hadi 30 kwa wiki".

*

Za uhakika ni 15 tu, hizo nyingine ni wakipenda. Na kibali cha kazi, tangu Januari 2025, kinataka mshahara wa kufikia TES na usiopungua euro 1,600 kwa mwezi. Kwa saa 15 za usafi hufiki hata karibu. Warudishie mkataba waandike saa za kutosha, kabla hujalipa ada ya maombi.