Wakuu, deki gani inasoma Blu-ray za Marekani hapa Dar? Nina mgeni Jumamosi

MzeeWaRiviu:
Habari zenu wakuu, poleni na majukumu na hili joto. Niende kwenye mada. Mimi ni mdau wa muvi za kutisha toka enzi za kaseti na nina kachaneli kangu nafanya riviu kwa Kiswahili, sio zile za kusimulia stori, mimi nazungumzia bidhaa yenyewe, diski, picha ikoje, sauti ikoje, ndani wameweka nini cha ziada. Sasa niliagiza Marekani lile boksi la Friday the 13th la kampuni ya Scream Factory la 2020, muvi zote 12, diski 16, likanigharimu laki sita na ushee mpaka kulishika mkononi. Nikiweka kwenye deki inaniandikia diski hairuhusiwi eneo hili, inatema. Nina siku 4 tu. Naombeni mnielekeze deki gani hapa Kariakoo inasoma hizi kitu, bajeti laki na nusu. Nawasilisha.

kiroboto78:
Nimewahi siti ya dirishani.

Mgosi Mstaafu:
Kumbe diski bado zinaangaliwa? Kwetu Muheza tunazifunga kwenye kamba shambani zinafukuza ndege kwenye mpunga, na zinafanya kazi kweli.

Fundi Rimoti:
Mkuu deki yako nzima. Kwenye Blu-ray dunia imekatwa mapande matatu, A, B na C. Marekani na Japani wapo A, sisi Afrika tumetupwa B pamoja na Ulaya. Deki za DVD zamani ulikuwa unabonyeza namba za siri kwenye rimoti inafunguka inakula kila kitu, Blu-ray nyingi hazina huo mchezo mpaka fundi aingie ndani. Na kwa laki na nusu Kariakoo utapewa deki ya DVD yenye maiki mbili za karaoke, utaimba badala ya kuangalia.

kiroboto78:
Si aazime PS4 ya dogo yeyote hapo mtaani?

Fundi Rimoti:
Hapana, PS4 haina mipaka kwenye magemu tu. Ukiweka muvi ya Blu-ray inafuata eneo lilelile, itamtemea hivyohivyo.

Baba Wawili Mbagala:
Agiza deki hukohuko Marekani. Ila ngoja nikupe kisa changu, mimi nilitumiwa deki na shemeji yangu aliyeko Texas, nikaichomeka ukutani nikakaa na popkoni zangu na familia. Za kule ni voti 120, hapa kwetu ni 230. Ilitoa mlio kama mtu kakanyaga kopo, halafu moshi, halafu mama watoto akaniangalia. Hakusema kitu, aliniangalia tu. Mpaka leo shemeji akipiga simu anauliza vipi deki, namwambia ipo.

Mama Nasra:
Kaka mbona siku 4? Boksi haliozi hilo. Huyo mgeni wa Jumamosi ni nani?

MzeeWaRiviu:
Ni mdau tu dada yangu, anapita kusalimia. Turudi kwenye deki. Fundi, nikinunua drive ya nje nikachomeka kwenye laptop haiwezi?

Fundi Rimoti:
Inaweza, maana kwenye Blu-ray anayekagua eneo ni programu ya kuchezea, drive yenyewe inasoma tu. Lakini iwe drive ya Blu-ray, ya DVD haitaiona kabisa. Shida ni kuipata kabla ya Jumamosi na kwa hiyo hela.

Mama Nasra:
Mtu anayepita kusalimia hapewi Blu-ray, anapewa chai na mandazi anaondoka. Sema ukweli tukusaidie.

MzeeWaRiviu:
Sawa, kwa kuwa mmekazana. Ni bwana mmoja mwalimu mstaafu wa Mwanza, alifuatilia riviu zangu akavutiwa na yeye akaagiza boksi kama langu. Kwake halichezi. Anakuja Dar kwenye harusi, akasema Jumamosi atapitia kwangu Sinza aone kwangu linachezaje.

kiroboto78:
Subiri. Riviu zipi tena wakati deki inatema?

Bonge la Ilala:
😂😂😂 hapo sasa

MzeeWaRiviu:
Wakuu msinihukumu kabla hamjanielewa. Boksi lilichelewa njiani miezi miwili na mimi nilishawatangazia watu, sasa ningefanyaje, nikaenda kwa jamaa wa kuingiza muvi kwenye flashi nikajaziwa zote kwa elfu tano, nikaangalia, nikafanya riviu tano. Muvi ni ileile jamani! Alichotengeneza Sean Cunningham mwaka 1980 ndicho hichohicho kilichopo kwenye diski, hakuna mtu aliyemuongezea visu. Na mambo ya kiufundi nimesoma, sehemu nne za kwanza zimeskaniwa upya kutoka kwenye negativu yenyewe, hilo sio uongo, nilichofanya ni kuwafikishia.

Ustaadh Kimya:
Ndugu yangu umewaambia watu umeona usichokiona. Huo ni ushahidi wa uongo, iwe kesi ya ng'ombe au ya diski. Tubu kwanza, deki baadaye.

Baba Wawili Mbagala:
Ustaadh umesema. Ila nanyi mkumbuke zamani banda la video pale Tandika tulikuwa tunasomewa muvi na jamaa anayetafsiri ambaye Kiingereza chenyewe hajui, na tulitoka tumeridhika. Kuna siku stelingi alikuwa anamposa binti, jamaa akatuambia wanagombania shamba. Mpaka nimezeeka nilikuwa najua ile ni muvi ya shamba.

Mama Nasra:
Na huyo mwalimu boksi aliliagiza kupitia nani?

Mama Nasra:
Nakuuliza kaka, nakuona upo mtandaoni.

MzeeWaRiviu:
Alipitia kwa binamu yangu yuleyule aliyeniagizia mimi. Nilipata elfu hamsini ya kumuunganisha, na hiyo ni haki ya dalali popote pale duniani. Yeye hakuniuliza kuhusu eneo A wala B, angeuliza ningemwambia.

Fundi Rimoti:
Ungemwambia nini wakati na wewe umeijua jana kwenye uzi huu?

MzeeWaRiviu:
Fundi na wewe. Mimi nilishapanga kwamba ikishindikana nitamwambia deki imeungua, umeme umekatika umerudi na nguvu, nani atabisha hapa Dar? Nataka deki ili nisifike huko. Na ningekuwa tapeli nisingeweka juhudi kwenye kazi yangu. Mfano riviu ya sehemu ya kwanza nilitumia dakika nzima kueleza ile barakoa ya Jason, yule muuaji wa hizi muvi, inavyong'aa utadhani imepanguswa asubuhi, na wale waigizaji wanavyonyoosha vitu mbele. Watu walipenda sana.

Njiwa Mweusi:
Naomba nisimame hapo hapo. Sehemu ya kwanza Jason hana barakoa. Sehemu ya kwanza muuaji ni MAMA yake, Pamela Voorhees, kacheza Betsy Palmer, Jason anatokea mwishoni tu kwenye maji tena akiwa mtoto. Sehemu ya pili, 1981, kavaa gunia kichwani. Barakoa ya hoki anaipata sehemu ya tatu, 1982. Mtu aliyefanya riviu tano za hii series hawezi kukosea hapo. Wakuu hii ni chai, hakuna boksi, hakuna mwalimu wala Mwanza. Jamaa anatafuta wafuasi.

Bonge la Ilala:
Chai ya rangi, yenye tangawizi.

kiroboto78:
Nilikuwa nimeanza kumuonea huruma mwalimu 😭 Weka picha ya boksi mkuu.

Ustaadh Kimya:
Kama ni chai basi toba ni mbili.

MzeeWaRiviu:
Jamani siyo chai wallahi. Faili kwenye flashi limeandikwa JASON 1, mnataka nibishane na flashi? Kumbe ndio maana!! Nilikuwa najiuliza mbona kila dakika mtu ananyooshea kamera kitu, mara yoyo, mara mshale, mara jicho linaruka, nikajua ndio uigizaji wa zamani.

Njiwa Mweusi:
Ile uliyoona ni sehemu ya tatu, ilipigwa kwa 3D, vitu vionekane vinakujia usoni, ndio sababu ya yoyo. Na kwenye hilo boksi unalosema unalo wameweka toleo la 3D la hiyo sehemu ya tatu. Hata mgongo wa boksi hujasoma?

MzeeWaRiviu:
[picha]
Boksi hilo hapo kwenye kochi langu. Furahini.

Bonge la Ilala:
Kochi la kijani lina kitambaa cha kufuma cha bibi. Ila mbona boksi lina nailoni? Diski iliyotemwa ilipita wapi?

Njiwa Mweusi:
Nimekuza picha. Nailoni ipo juu na pembeni, chini imechanwa mstari mmoja, imebandikwa selotepu.

MzeeWaRiviu:
Nilipitisha wembe chini nikachomoa diski moja tu ya kujaribia. Nikija kuliuza lililofungwa lina bei zaidi. Sioni kosa.

Mama Nasra:
Yaani boksi la riviu, umepanga kuliuza kama halijafunguliwa. Kaka wewe na huyo Jason sijui nani mwenye barakoa.

Baba Wawili Mbagala:
Hivi ile muvi ya kwanza ndio ile yenye muziki wa ki ki ki ma ma ma? Mama yangu alikuwa anaita vile kuku wakati wa kuwafungia.

Njiwa Mweusi:
Ndiyo, kazi ya Harry Manfredini. Narudisha nusu ya maneno yangu, boksi lipo. Mwalimu bado sijamuona.

Fundi Rimoti:
Sikiliza MzeeWaRiviu. Ninayo deki ya Blu-ray hapa Tabata Bima, nilishaichezea ndani inasoma A na B. Nakuazima Ijumaa mpaka Jumapili bure, siyo kwa ajili yako, ni kwa ajili ya mwalimu. Mwalimu naye akitaka yake ifunguliwe aje nayo tuone kama ni aina inayofunguka. Sharti: unamwambia kabla hujawasha TV kwamba deki ni ya kuazima, na elfu hamsini yake unairudisha. Njoo na waya wako wa HDMI na uniachie kitambulisho cha NIDA.

MzeeWaRiviu:
Fundi Mungu akubariki sana. Hiyo elfu hamsini tutaongea. Ila NIDA nina namba tu, kadi sijapata. Leseni ya udereva iliyoisha haifai?