Naomba ushauri: kuhamisha kanda za MiniDV kwenda kwenye kompyuta

Habari zenu wakuu. Nina kanda 14 za MiniDV (zile kanda ndogo za video za kidijitali za kamera) zilizorekodiwa kati ya 2001 na 2006. Humo ndimo ilimobaki sauti ya marehemu mama, kwingine hakuna. Nataka kuziingiza kwenye kompyuta kabla hazijaharibika.

Kamera bado inawaka. Ina tundu la USB, lakini nikichomeka waya, kompyuta inaona picha za mnato zilizo kwenye kadi tu. Video ya kanda haionekani kabisa. Nimeelewa kwamba video hutokea kwenye lile tundu dogo la FireWire (njia ya kuhamishia data, tofauti na USB) lenye pini 4, lililoandikwa DV. Kompyuta yangu mpakato haina tundu hilo, na zile nyaya rahisi za kuunganisha FireWire na USB moja kwa moja hazisaidii, maana mifumo hiyo miwili haielewani. Je, nitafute kompyuta ya mezani niiwekee kadi ya FireWire, au nitumie waya wa njano, ule wa kupeleka picha kwenye TV kwa analogi, na kifaa cha kunasia video? Hii ya pili naiogopa, itapunguza ubora wa video ambayo tayari ni ya kidijitali.

Nafasi kwenye diski ninayo, saa moja ya video inakula kama GB 13.

Kinachoninyima usingizi ni kanda ya tatu. Ikifika dakika ya 20 picha inavunjika vimirabamiraba, sauti inakatika, kisha inatulia. Ni uchafu kwenye kichwa cha kamera (kile kinachosoma utepe) au utepe umechoka? Nimeacha kuicheza kwanza. Aliyewahi kutumia kanda ya kusafishia, tafadhali anielekeze.