Bima ya afya ya serikali, SHA: nani aliamua watu wa biashara ndogo walipe ya mwaka mzima kwa mpigo?

BintiKongowea:
Jamani naomba kuelezwa. Mamangu auza viazi karai huku soko la Kongowea, Mombasa, nikamsajilia SHA kwa simu, maswali ni ya nyumba tu, mara ukuta ni wa nini, mara wapikia nini, choo cha aina gani, mwisho yaja bei na yatakiwa yote ya mwaka. Kwa NHIF, ile bima ya zamani, alikuwa atoa 500 kila mwezi. Mtu wa pesa ya leo kwa leo atoe wapi ya mwaka? Hii sheria walikaa na nani wakaipanga?

MzeeWaLikoni:
Binti yangu, ni sheria ya bunge ya 2023, kazi ikaanza Oktoba 2024. Aliyeajiriwa akatwa 2.75% ya mshahara na mwajiri ndo apeleka. Mamako hana mwajiri wa kumkata, na wengi wetu NHIF tulikuwa twalipa tukiugua, tukipona twaacha, ndo serikali ikaona ichukue ya mwaka mapema kabisa. Hapo waliangalia mfuko wao, wa mama hawakuuangalia.

SistaWaWodi:
Mie niko kwa hii kazi ya hospitali na nawaambia anayesikizwa ni mwenye chama. 2024 serikali ilitaka madaktari wa intanshipu walipwe 70,000 kwa mwezi badala ya zile 206,000 za makubaliano ya 2017, chama chao KMPDU wakagoma Machi mpaka Mei, na kufika mwisho wa mwaka serikali ikarudi kwa zile za 2017. Hospitali za kibinafsi wana chama chao RUPHA, Februari 2025 wakatangaza wanasimamisha huduma za SHA kwa sababu ya madeni, nchi nzima ikasikia. Wauza viazi wana nani? Bunge likitaka maoni latangaza gazetini, uandike memoranda, yaani maoni yako kwa maandishi, ufikishe kabla ya tarehe fulani, na mama yuko kwa karai tangu alfajiri hilo gazeti alione saa ngapi?

KakaMvita:
Na Hai Koti Julai 2024 ilisema wananchi hawakuhusishwa vya kutosha, ila Korti ya Rufaa ikasimamisha uamuzi huo, SHA ikaanza kazi. Kitu kimoja dada, usimwendee MCA, mwakilishi wa wadi kwa kaunti, kwa hili. Zahanati ya mtaa kukosa dawa hiyo ni kaunti, SHA ni sheria ya bunge la taifa kwa hivyo mshike mbunge.

BintiKongowea:
Shukran sana. Kina mama wa pale sokoni wana chama chao cha kuchangiana, mwenyekiti yuko na katibu yuko. Nataka waandike barua moja, watie sahihi wote, iende kwa mbunge na nakala kwa kamati ya afya ya bunge, wadai kulipa kila mwezi. Aliye na mfano wa memoranda anirushie tafadhali, nianze leo usiku.