Hisa za Voda TZ, Safaricom au Nation Media: nisaidieni kulinganisha hatari zake

Mtoto wa Tandika:
Wakuu habari za humu. Nimeuza kiwanja Chanika, sio hela ya kutajirikia ila sitaki ikae benki inaliwa na makato. Nusu nishaweka UTT (mifuko ya uwekezaji wa pamoja), hiyo nusu nyingine nataka hisa za mawasiliano maana naona kila mtu ana simu, hata bibi yangu kijijini hela yake inaingia kwenye simu. Nimebakiza tatu kichwani: Vodacom Tanzania pale DSE (soko la hisa la Dar es Salaam), Safaricom ya Nairobi, na Nation Media Group ambao ndo wenye Mwananchi na Mwanaspoti. Sitaki mtu aniambie ipi itapanda. Nataka mniambie ni kitu gani kinaweza kuiumiza kila moja. Wale wa "nunua bodaboda" mnakaribishwa pia ila msubiri kidogo.

Bwana Shaka:
Nunua bodaboda.

Dalali Mstaafu:
Mkuu umeuliza vizuri, wengi huwa wanakuja na "ipi itapanda" halafu mwakani wanakuja kututukana. Naanza na Voda sababu ndo naijua.

Kwanza ujue haikuingia DSE kwa kupenda. Sheria iliwataka kampuni za simu ziuze asilimia 25 kwa umma, Voda wakatii 2017, bei 850 kwa hisa, jumla bilioni 476. Mwanzoni ilikuwa Watanzania tu ndo wanaruhusiwa kununua, hela haikutosha, muda ukaongezwa na wageni wakaruhusiwa ndo ikajaa. Nakwambia hivi sio kwa historia, nataka uone kwamba soko letu ni dogo kuliko kampuni yenyewe. Bei ilikaa chini ya hiyo 850 miaka na miaka, na siku ukitaka kuuza mzigo mkubwa kwa haraka hupati mnunuzi, unauza kidogo kidogo huku unaomba Mungu. Hiyo ni hatari ambayo haiandikwi kwenye vichwa vya habari lakini kwa mtu mwenye hela ya kiwanja ndo ya kwanza.

Ya pili ni mkono wa serikali. Januari 2020 TCRA, mamlaka ya mawasiliano, walianza kuzima laini ambazo hazijasajiliwa kwa alama za vidole, mamilioni ya wateja wakapotea nchi nzima sio kwa sababu wamehamia kwingine, ni kwa sababu hawana namba ya NIDA (kitambulisho cha taifa). Mwaka wa fedha ulioishia Machi 2021 Voda ikaandika hasara. Hapo kampuni haijafanya kosa lolote la biashara. Halafu Aprili 2021 kampuni zilipobadilisha bei za bando watu wakapiga kelele, serikali ikasitisha ndani ya siku chache. Sasa jiulize, ni biashara gani hiyo ambayo bei yako mwenyewe huna uhakika nayo.

mama_float:
Naomba niongeze hapo kwa mkono wa serikali maana mimi nilikuwa kibandani, ni wakala wa kutuma na kutoa hela. Julai 2021 tozo ya miamala ilipoanza, hadi shilingi elfu kumi kwa muamala mmoja juu ya makato ya kawaida, nilikuwa na daftari langu la kuandika wateja, ukurasa uliokuwa unajaa kabla ya saa nne asubuhi ukawa haujai mpaka jioni. Mteja anakuja, anaangalia simu, anauliza nikituma laki inakatwa ngapi, nikimtajia anafunga kanga anaondoka, hela anampa konda wa basi la Mtwara. Walipunguza asilimia 30 mwezi wa tisa na baadaye ikaendelea kushushwa lakini watu walishajifunza kubeba cash. Kwahiyo kaka yangu Mtoto wa Tandika, ukinunua hisa ya kampuni ya simu usiku wa bajeti mwezi wa sita usilale mapema.

Na jingine, siku hizi mtu ana laini ya mtandao huu anatuma mtandao ule na benki bila shida, ule mfumo wa malipo wa Benki Kuu (BoT) unaoitwa TIPS umerahisisha. Kwa mteja ni raha, ila zamani watu walibaki mtandao mmoja kwa sababu ndugu zao wote wako hapo. Sasa hivi hicho kifungo kimelegea. Yas ambayo ilikuwa Tigo, Airtel, Halotel, wote wako mtaani na miamvuli yao.

NairobiWest254:
Sasa wacha niwaambie ya huku kwetu. Safcom (Safaricom) ilipouza hisa kwa umma mara ya kwanza, ile IPO ya 2008, ilikuwa shilingi tano, watu waliuza ng'ombe wakakopa sacco, foleni ilizunguka jengo, na ikapitiliza mara kadhaa ile walitaka. Ikakaa chini ya hiyo tano miaka kadhaa mkumbuke. Baadaye ikapanda mpaka kama 45 mwaka 2021, halafu ikashuka hadi 12 na kitu mwisho wa 2023. Ni kampuni ile ile, minara ile ile, M-Pesa ile ile. Nini kilitokea? Ethiopia, na pia wageni walikuwa wanatoa dola zao NSE, soko la hisa la Nairobi, kwa jumla.

Kule Ethiopia Safcom na washirika wao walilipa dola milioni 850 ya leseni 2021, wakawasha Oktoba 2022, na M-Pesa ikaingia huko 2023. Nchi ya watu zaidi ya milioni mia, kwenye karatasi inapendeza. Kisha Julai 2024 Ethiopia wakaachilia birr, sarafu yao, ijitafutie bei yake, ikatoka 57 hivi kwa dola ikavuka 100 ndani ya wiki chache. Kwahiyo Kenya inaunda pesa vizuri sana, Ethiopia inakula, na sisi wenye hisa tumepata gawio la 1.20 mwaka wa 2023, 2024 na 2025, miaka yote mitatu haikusonga. Mimi bado nimeshikilia lakini mtu asikudanganye ati hii ni kama kuweka fixed deposit benki.

Na kuna Starlink. Iliingia Kenya Julai 2023, na mwaka uliofuata Safaricom wenyewe waliandikia mamlaka ya mawasiliano wakisema hawa wa satelaiti wafanye kazi kupitia kampuni za hapa. Mtu akianza kuandika barua jua ameskia baridi. Ingawa mwisho wa 2024 Starlink walisimamisha wateja wapya Nairobi kwa sababu walijaa, so bado fiber iko na kazi.

Bwana Shaka:
Haya basi anunue Voda na Safaricom zote mbili, hatari inagawanyika, mmalize mjadala.

Dalali Mstaafu:
@Bwana Shaka hapo ndo watu wengi wanaposhikwa. Vodacom ya Afrika Kusini ndo mama wa Voda TZ, na tangu 2017 ana hisa za Safaricom kama asilimia 35 alizochukua kwa Vodafone. Brandi ya M-Pesa yenyewe Vodacom na Safaricom waliinunua pamoja 2020. Na Desemba 2025 serikali ya Kenya ikatangaza inamuuzia huyo huyo Vodacom asilimia 15 nyingine kwa shilingi 34 ya Kenya kwa hisa. Sasa ukiweka nusu huku nusu kule umebadilisha soko na sarafu tu, mwenye nyumba ni yule yule. Akiamua teknolojia fulani, akiamua gawio lipungue, akiamua watoto wake wakope kwake, inakugusa pande zote mbili.

Kinachogawanyika kweli ni serikali. Dodoma na Nairobi hawapandishi kodi siku moja. Mfano 2023 Kenya walishusha ushuru wa airtime na data kutoka 20 hadi 15 ila ule wa kutuma hela wakaupandisha kutoka 12 hadi 15. Hicho ndicho unachonunua ukiwa na zote mbili, sio kitu kingine.

Fundi Mnara:
Mnaongelea kodi tu, mimi niko kwenye minara naomba niwape upande wa gharama. Watu wanadhani kampuni ya simu inauza hewa kwahiyo faida tupu. Njoo site moja kule ndani ndani uone. Umeme wa gridi haupo au unakatika, kuna jenereta, kuna betri, kuna sola, kuna mlinzi. Dizeli inafika kwa pikapiki kwenye madumu maana gari halipiti mvua ikinyesha, na kabla ya kumwaga unachovya kijiti kwenye tenki uone imebaki ngapi kweli, sababu mita inasema hivi na kijiti kinasema vile, na tofauti yake iko kwenye bodaboda za kijiji. Betri zikiibiwa mnara unazima, wateja mia kadhaa wanahamia laini nyingine siku hiyo hiyo.

Tena minara mingi sio yao. Voda waliuza minara yao kwa Helios Towers tangu 2013, wanapanga kama sisi tunavyopanga chumba. Vifaa vyote vya 4G na 5G vinanunuliwa kwa dola wakati mteja analipa bando la buku. Shilingi ikiteleza, mahesabu yote yanageuka hata kama wateja wameongezeka.

Na kuna vitu haviko mikononi mwa mtu. Mei 12, 2024 nyaya mbili za baharini, EASSy na Seacom, zilikatika kwa pamoja upande wa Afrika Kusini na Tanzania tukawa kati ya walioumia zaidi, mnakumbuka intaneti ilivyokuwa inatambaa. Halafu Oktoba 29, 2025 siku ya uchaguzi mtandao ulizimwa nchini kwa siku kadhaa. Sisemi siasa hapa, nasema mapato. Data ndo inakua, sauti inashuka kwa sababu watu wanapigiana WhatsApp, sasa ile inayokua ndo hiyo inayoweza kuzimwa.

Mtoto wa Tandika:
Aisee hapa nimeanza kuogopa. Vipi Nation Media, naona wote mmeiruka kama haipo.

Kalamu Kavu:
Nimekaa chumba cha habari miaka mingi (sio kwao, na siitaji wapi) kwahiyo hili niachieni.

Kampuni ya simu ina matatizo ila wateja wapo na wanalipa kila siku. Gazeti tatizo lake ni jingine, ile hela iliyokuwa inalipa mishahara imehama. Chukua gazeti lolote la Tanzania la 2012 ulipime kwa mkono, halafu chukua la leo. Kurasa zilizopotea sio za habari, ni za matangazo ya zabuni, ajira, minada na tanzia. Zabuni za serikali ziko kwenye mfumo wa NeST, ajira ziko kwenye magrupu ya WhatsApp, tanzia ziko status. Kampuni ya bia na sabuni inapeleka bajeti Facebook na Google, au kwa mchekeshaji mwenye wafuasi milioni mbili ambaye hana mhariri wala mtambo wa kuchapa.

Nation Media (NMG) wenyewe hisa ilivuka shilingi 300 za Kenya miaka ya 2013 na 2014, baada ya miaka kumi ukaikuta chini ya 20. Mwaka 2021 kampuni ilijinunulia hisa zake kwa 25, na mwaka huo huo wakaweka malipo ya kusoma mtandaoni. Sio wavivu, walijaribu. Lakini mkono wa serikali huku ni mzito zaidi kuliko kwenye simu maana serikali yenyewe ndo mtangazaji mkubwa. Machi 2024 Kenya iliagiza matangazo ya taasisi za umma yaende KBC, shirika la utangazaji la serikali. Na Oktoba 2024 TCRA walisimamisha leseni za mtandaoni za Mwananchi Communications kwa siku 30. Kwa kampuni ya simu mwezi mmoja wa faini unauma, kwa chumba cha habari mwezi mmoja bila mtandao watangazaji wanazoea kuishi bila wewe.

NairobiWest254:
Kweli kabisa. Na January 2018 serikali ilizima TV kubwa kadhaa, NTV ya Nation ikiwemo, sababu ya ile kiapo ya Raila, kiongozi wa upinzani, Uhuru Park. Kampuni nyingine ikizimwa hivyo wanafunga ofisi.

Bwana Shaka:
Mbona hamsemi wale wanaochanganya simu na TV? Si ndo mwelekeo wa dunia, mteja mmoja anakulipa bando na mpira.

Kalamu Kavu:
Wamejaribu wakubwa wakashindwa. AT&T ya Marekani ilinunua Time Warner 2018 kwa dola bilioni 85 hivi, 2022 ikaitoa ikaenda kuungana na Discovery. Hapa Afrika kampuni ya simu ya Econet walikuja na Kwesé TV, 2019 imefungwa. Kosa ni lile lile alilosema Fundi Mnara, haki za mpira na filamu unalipa dola, mteja anakulipa kwa hela ya nchini na akibanwa kitu cha kwanza kuacha ni kifurushi cha TV, simu anaendelea kuweka vocha. MultiChoice wenye DStv walipoteza wateja kwa mamilioni hasa naira ilipoanguka, 2025 Canal+ wakawachukua. Hapa kwetu aliyeweza ni Azam, alisaini na TFF, shirikisho la soka, 2021 miaka kumi ya ligi kuu kwa bilioni 225.6, na amelipa kwa shilingi kwa mpira ambao watu wa hapa wanaufia. Ila hisa zake haziuzwi sokoni kwahiyo hiyo haikusaidii.

mama_float:
Mkitaka kujua nani ana mteja wa kweli angalieni siku ya dabi, Simba na Yanga zikicheza mimi nauza vocha na vifurushi vya king'amuzi mpaka mkono unauma, gazeti la kesho yake kijana anasoma kichwa cha habari pale mezani kwa muuzaji anaendelea na safari.

Mtoto wa Tandika:
Nimewaelewa. Nation naiacha. Sehemu kubwa naweka Voda kwa sababu sitaki habari za kubadilisha shilingi yetu kwenda ya Kenya, kidogo naweka Safaricom nikishapata dalali wa Nairobi. Dalali Mstaafu swali la mwisho, akaunti ya CDS (ile ya kutunzia hisa) ninayo, nikinunua nitaje bei yangu au nichukue bei ya soko tu?

Dalali Mstaafu:
Taja bei yako, tena usinunue yote siku moja. Soko lenyewe wauzaji wachache, ukiingia na oda kubwa ya bei yoyote utakula za bei ya juu zote. Gawanya, weka oda, subiri. Na ukiweza pitisha bajeti ya Juni kwanza ndo umalizie iliyobaki. Safaricom unafungua CDS nyingine ya Kenya, ya huku haitumiki kule.

Bwana Shaka:
Bodaboda haina CDS.