X-Trail T31 ya CVT, fundi anataka kuniwekea ATF, niko Tanga

Wakuu habari za saa hizi, nina Nissan X-Trail T31 ya 2.0, juzi napandisha Lushoto kutoka Mombo ikaanza kulia na kuwa nzito, resi inapanda ila gari haivuti, sasa fundi huku Ngamiani anasema tumwage oili ya giaboksi tuweke ATF ile nyekundu ya giaboksi za otomatiki za kawaida eti zote ni sawa tu. Kweli?

> Usithubutu mkuu. Hiyo giaboksi ya CVT haina gia za kawaida, ni mkanda wa chuma unabanwa na puli mbili, oili yake ndo inafanya mkanda ushike usiteleze. ATF haikutengenezwa kwa kazi hiyo. T31 inataka NS-2, oili ya CVT ya Nissan, hakikisha na kitabu cha gari kabla hujatoa hela.

> Naongezea, mkimwaga pimeni kilichotoka mrudishe hicho hicho kwanza, alafu level ya oili mcheki giaboksi ikiwa imepata moto kwa dipstiki. Na haitoki yote kwa mara moja, nyingine inabaki ndani, ndo maana wengine wanarudia baada ya muda. Mkifungua sampo (bakuli la oili chini ya giaboksi) angalia sumaku, ungaunga mweusi kidogo ni kawaida, ukikuta vipande vya chuma hapo oili mpya haikusaidii kitu.

> Mwambie aipime gari na mashine ya kusoma makosa kabla ya kumwaga chochote. Na hiyo kulia isije ikawa beringi bure.

> Asanteni wakuu, fundi kanuna ila NS-2 naisaka, Tanga hapa nani anayo orijino?