WAMEKATA UMEME WA KORONA, MASHINE YA KUCHAKATA MKONGE, IJUMAA SAA KUMI JIONI, MKONGE UKO KWENYE MNYORORO!!!

SingaNyeupe (Tanga):
Wakuu, hao mnaowajua, shirika la umeme, wamerudia tena. Ijumaa. Saa kumi jioni. Masjala ya Mahakama Kuu imeshafungwa, ndipo gari lao linaingia shambani, fundi ananyanyua fimbo, fyuzi tatu za juu ya nguzo chini, paa paa paa! Korona imezimika na majani mdomoni. Wameonyeshwa barua ya kupinga deni yenye mhuri wao wa kupokea. Jibu: "Lipeni kwanza, mlalamike baadaye."

LIPENI KWANZA! Deni lipi? Eti CT (kifaa cha kupimia mkondo kwa ajili ya mita) ya fezi moja, yaani waya mmoja kati ya mitatu ya umeme, ilifungwa kinyume, fezi mbili zinajumlisha na ya tatu inatoa, mita ikasoma theluthi. Basi wamezidisha kwa tatu, miezi 36 nyuma! Hesabu ya theluthi ni kweli kama mzigo uko sawa fezi zote. Lakini CT haijigeuzi usiku kama popo. Iligeuzwa siku sanduku lilipofunguliwa, na sili ni ya kwao. Gawanya yuniti za kila mwezi kwa tani za singa (nyuzi za mkonge): pale zinapoporomoka hadi theluthi ndipo kosa lilipoanza. Hapa zimeporomoka walipobadilisha mita, miezi 5 iliyopita. Mitano!

Na Ijumaa si bahati mbaya. Zuio la mahakama huzuia jambo ambalo halijatendeka. Fyuzi zikishashuka, jaji atauliza azuie nini? Sasa uombe amri ya kurudisha umeme, ambayo ni ngumu kuipata kuliko zuio. Mpaka Jumatatu majani yamekauka, singa imebadilika rangi, daraja limeshuka. SAA KUMI JIONI, wakuu!

Fundi_Pongwe:
Kelele zote hizo na kizidisho, namba ya kuzidishia usomaji wa mita, hujakitaja. CT ya 200/5 kizidisho chake ni 40. Soma kibao cha CT, kisha soma bili. Wakiwa wameweka 60, ambayo ni ya 300/5, unalipa nusu zaidi kila mwezi. Mnakimbilia wakili kabla hata sanduku halijafunguliwa mbele ya mashahidi wa pande zote mbili.

SingaNyeupe:
Kizidisho kiko sawa! Nazungumzia Ijumaa saa kumi!

Kanzu_Nyeusi:
Mtoa mada, sehemu ya deni msiyoipinga mlilipa? Ilipwe, na barua iseme wazi kuwa kilichobaki kinapingwa. Kwa zuio, mahakama inapima masharti matatu ya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969: kuna hoja ya kusikilizwa, kuna hasara isiyofidika, na nani ataumia zaidi. La pili ndilo linalowaangusha wenye viwanda, maana singa ina bei, na chenye bei kinafidika. Halafu tangu 2020 shirika la umma nalo hupewa notisi ya siku 90 kabla ya kushtakiwa. Ndani ya siku hizo mlango ni maombi ya Mareva, zuio la kuombwa kabla kesi haijafunguliwa. Au pelekeni EWURA, mdhibiti wa nishati na maji, rufaa yake iko Baraza la Ushindani.

Ngamiani_Kwetu:
Siku 90! Hiyo korona itakuwa imetagiwa mayai na kuku wa kijiji kizima 😂

Barafu_Bagamoyo:
Nyie angalau mnakatwa mara moja mnajua moja. Huku feri, soko la samaki, fezi moja inapotea kimyakimya, mota ya kompresa inaunguruma, inavuta mkondo mkubwa kwenye fezi mbili zilizobaki, dakika chache waya umeungua. Samaki wamepakiwa, barafu hakuna. Unamshtaki nani?

Fundi_Pongwe:
Hujafunga relei ya kulinda fezi, unalalamika nini? Inakata kontakta, swichi ya mota, yenyewe.

Barafu_Bagamoyo:
Ipo! Ila iliyopo haishtuki, maana mota inayozunguka inarudisha volteji kwenye fezi iliyokufa.

Fundi_Pongwe:
Basi tafuta inayopima tofauti ya volteji kati ya fezi na fezi, siyo ya kuangalia kama umeme upo tu. Na ovalodi, kinga ya mota dhidi ya mkondo uliozidi, uiseti kwenye ampea za kibao cha mota, usiongeze.

SingaNyeupe:
Jamani, IJUMAA!

Ngamiani_Kwetu:
Mkuu Fundi, hiyo relei Tanga mjini inakwenda bei gani?