Gibraltar kwa basi la kawaida kutoka Fuengirola, kwenda na kurudi siku hiyohiyo, inawezekana?

dada_wa_Leeds:

Habari zenu wapendwa, naombeni msaada wa haraka kidogo. Tuko likizo Fuengirola, pwani ya kusini ya Hispania, mimi, mume, watoto wawili (9 na 13) na mama yangu mzazi aliyetoka Tanzania kuja kutusalimia. Watoto wamesikia habari za nyani wa Gibraltar, kile kieneo cha Uingereza huku kusini mwa Hispania, basi hatulali. Hapa hotelini wana kimeza chao wanauza safari za siku moja, lakini watu watano ukizidisha bei inauma, na jirani yetu wa chumba cha pili aliyeenda juzi anasema basi lilizunguka hoteli kwa hoteli kuokota watu karibu saa nzima na ushee kabla hata hawajaiona barabara kuu, wakafika huko wakapewa masaa manne na kitu, nusu yake wameimaliza kwenye foleni na chooni. Mimi nataka twende wenyewe kwa basi la kawaida la abiria. Sasa je basi linaingia mpaka Gibraltar kwenyewe au linaishia wapi? Mama magoti hayamruhusu kutembea sana, ana miaka 68. Na hela, nibebe paundi au euro? Sisi wanne tuna pasi za Uingereza, mama ana pasi ya Tanzania na viza ya Schengen (ile moja ya nchi nyingi za Ulaya, Hispania ikiwemo) ya kuingia mara moja, ila nadhani hapo hamna neno maana ni kwenda na kurudi tu hatulali.

MzeeWaStendi:

Karibu dada. Inawezekana kabisa na mimi nimeshaenda hivyo mara tatu, ya kwanza nilipotea nikajifunza.

Kosa la kwanza watu wanalofanya ni kutafuta basi la "Gibraltar". Basi linaloenda huko limeandikwa La Línea, jina refu ni La Línea de la Concepción, ndio mji wa Hispania uliogusana na mpaka. Basi linaishia stendi ya pale, halivuki. Ila usiogope, ukitoka stendi unaliona jabali la Gibraltar limesimama mbele yako huwezi kulikosa, unatembea kama dakika tano hivi uko kwenye geti la mpakani. Kwa mama mwenye magoti hiyo ni afadhali kuliko kukaa kwenye basi la watalii lililokwama foleni ya magari.

Kutoka Fuengirola mimi nilibadilisha Marbella. Treni isikudanganye, ile ya pwani kutoka Málaga mwisho wake ni hapohapo Fuengirola haiendi mbele. Na stendi ya Marbella iko juu kule karibu na barabara kuu, sio ufukweni, kwa hiyo usishuke katikati ya mji ukadhani utaunganisha kwa miguu na bibi. Marbella mpaka La Línea hesabu saa moja na nusu. Ukitokea Málaga mjini ni kama masaa matatu, hapo kwa kwenda na kurudi siku moja unaanza kujitesa.

Sasa jambo kubwa ni RATIBA. Mabasi ya La Línea ni machache kwa siku, sio daladala, ukikosa moja unaweza kukaa masaa mawili matatu unaangalia njiwa. Ubaoni pana safu mbili tatu, laborables ni siku za kazi, sábados Jumamosi, domingos y festivos ni Jumapili na sikukuu. Mimi mara ya kwanza nilisoma safu ya siku za kazi na siku yenyewe ilikuwa Jumapili, nikafika stendi jioni natembea kwa maringo kumbe basi nililolitegemea halipo. Kwa hiyo tiketi ya kurudi kata mapema, asubuhi kabla hujavuka, na usichague basi la mwisho, chagua la kabla yake. La mwisho liwe akiba. Na Jumapili usiende hata kama ratiba inaruhusu, maduka mengi ya Main Street, mtaa wao mkuu, yanafungwa, utazunguka mitaa mitupu.

Hela: hela yao ni paundi ya Gibraltar, thamani sawa na ya Uingereza, na za Uingereza wanapokea bila maneno. Euro pia madukani wanapokea ila kwa kiwango chao wenyewe, hapo unaliwa. Ukinunua kitu omba chenji ya noti za Uingereza, maana zile za Gibraltar ukirudi nazo Leeds muuza duka atakukodolea macho.

Nuru_wa_Malaga:

Dada simama kwanza. Usikate tiketi yoyote. Mzee wa Stendi kaongea vizuri yote ila kalipita lile la mama na ndilo zito kuliko yote.

Gibraltar haimo Schengen. Ni himaya ya Uingereza tangu mkataba wa Utrecht 1713, na hata Uingereza ilipokuwa bado Umoja wa Ulaya ule mpaka ulikuwa wa kuonyesha pasi. Mama akipita upande wa Hispania akaandikwa kuwa ametoka, ile viza yake ya kuingia mara moja imekwisha kazi yake, hata kama tarehe bado zipo. Hawajali kama umekaa dakika kumi au siku kumi. Anarudi jioni na vitambaa vyake anaambiwa huna viza ya kuingia. Na hapo ni kama Gibraltar wenyewe wamemkubali kuingia, maana viza ya Schengen sio viza ya Gibraltar na pasi ya Tanzania inahitaji viza kule. Yaani anaweza kukwama kotekote, ndege yake ya kurudi nyumbani iko Málaga yeye yuko upande wa pili wa uzio anaangalia.

Nimekaa huku miaka mingi na hii nimeiona kwa macho, kijana alivuka kwenda kununua manukato tu, alirudi kwa wanasheria.

Najua mtu atakuja kusema ukaguzi unaondolewa. Kweli, Juni 2025 Uingereza na Umoja wa Ulaya walitangaza wamekubaliana kuondoa ukaguzi wa watu pale uzioni. Lakini kuondolewa foleni sio kufutwa masharti ya viza, na mwenye jibu la mama yako kwa siku utakayosafiri ni ofisi ya uhamiaji ya Gibraltar na polisi wa mpakani wa Hispania, sio mimi wala kimeza cha hotelini. Wale wa kimeza wanauza kiti, hawaulizi viza.

Ninyi wanne mtapita, ila kumbukeni pasi za Uingereza sasa hivi zina hesabu ya siku 90 ndani ya 180 kwa Schengen. Kwa likizo haiwasumbui.

dada_wa_Leeds:

Mungu wangu. Nimesoma nikakaa chini. Nilikuwa nimeshafungua ukurasa wa tiketi kabisa. Nuru Mungu akubariki, yaani hata viza yenyewe sikuisoma vizuri, nimekwenda kuitazama sasa hivi imeandikwa 01 pale kwenye idadi ya kuingia. Mama nimemwambia kacheka, kasema "mimi nyani nimewaona nyumbani bure". Ila sipendi kumwacha hotelini peke yake siku nzima. Nimwache na nani?

Swaleh_Bandarini:

Asalam aleikum dada. Msimwache, mchukueni mpaka La Línea. Mie nlifanya hivyo na shangazi yangu alokuwa na tatizo hilohilo la makaratasi. La Línea kwenyewe pana ufukwe upande wa mashariki, Santa Bárbara waita, uko karibu na mpaka, na ukikaa pale lile jabali laonekana lote, ule uso wake wa kaskazini uliokatika wima kama ukuta. Kusema kweli ukiwa Gibraltar ndani jabali hulioni vizuri, uko chini yake. Kwa hiyo mmoja wenu abaki na bi mkubwa wanywe kahawa, mwengine avuke na watoto, baadaye mwaweza kupokezana.

Na mwambie bi mkubwa jina la pale ni la kwetu nusu. Tariq bin Ziyad alivuka bahari na jeshi lake mwaka 711 akashukia hapo, pakaitwa Jabal Tariq, ndio wazungu wakavuta mpaka ikawa Gibraltar. Jabal ndio hili jabali letu tunalolisema kila siku. Kule kusini kabisa, Europa Point, pana msikiti mkubwa mweupe uliojengwa kwa msaada wa Mfalme Fahd wa Saudia, ulifunguliwa 1997, na mbele yake ng'ambo waiona Moroko kama hewa ni safi.

Hewa ikiwa si safi ni jambo jengine. Ukivuma upepo wa mashariki, wenyewe wauita Levanter, wingu lakaa juu ya jabali kama kilemba na haliondoki, chini jua lawaka na juu hamuoni kitu. Mtu asiyejua hulipa kupanda kisha akapiga picha ya ukungu. Asubuhi mkishuka stendi inueni macho kwanza, mkiona kilemba, anzeni na mji na Europa Point, jabali liwe la mchana.

Kuingia mjini mtatembea juu ya uwanja wa ndege, watoto watapenda hiyo kuliko hata nyani. Njia yakata katikati ya ranwei. Magari tangu 2023 yana handaki lao, lakini wenda kwa miguu bado twapita juu, na ndege ikitaka kutua wafunga mageti mwasimama mwangojea. Ihesabuni wakati wa kurudi, mie nlingojeshwa hapo huku basi langu lapiga honi kichwani mwangu.

Kupanda juu kwa nusu siku msijaribu kwa miguu na mtoto wa miaka tisa, jabali lina mita 426. Pale mkishavuka mpaka pana teksi za vani zachukua kama watu wanane, zawapitisha kwenye pango la St Michael, kwa nyani, na mahandaki yalochimbwa na wanajeshi wakati Gibraltar ilipozingirwa na maadui, 1779 mpaka 1783. Kubaliana bei kabla hamjakaa, na uliza kama kiingilio cha hifadhi ya kule juu ya jabali kimo ndani ya bei hiyo. Nyani wenyewe hawana mikia na hawana adabu. Kuwalisha ni kosa lina faini. Sauti ya mfuko wa plastiki waijua kuliko sisi, kwa hiyo biskuti zisionekane kabisa, na begi livaliwe mbele sio mgongoni.

MzeeWaStendi:

Nakubali nilipitiwa hapo kwa mama, samahani dada, mimi nina pasi ya huku nikasahau kama wengine hawana. Niongeze moja dogo, data za simu. Ukikaribia mpaka simu inaweza kushika mtandao wa Gibraltar hata uko bado Hispania, na vifurushi vingine vya Ulaya havihesabu Gibraltar. Bi mkubwa akiwa anawaangalia wajukuu kwa video pale ufukweni mtakuja kulia. Zimeni roaming.

dada_wa_Leeds:

Tumerudi jana, naleta mrejesho maana mmenisaidia sana.

Tulienda Jumatano. Basi la asubuhi mpaka Marbella, tukasubiri dakika arobaini, saa nne na nusu tuko La Línea. Tiketi za kurudi tulikata palepale Marbella. Kilemba hakikuwepo, jabali jeupe linang'aa. Mume kabaki na mama raundi ya kwanza, mimi nikavuka na watoto, foleni ya miguu ilikuwa fupi, muhuri, tukapita. Na ndege ilitua! Tulisimama getini, yule wa miaka tisa mpaka leo anasimulia. Teksi tulichangia na familia ya Wapolandi. Nyani mmoja alimrukia dereva begani, dereva hata hakustuka, nahisi wanajuana.

Kosa letu, Swaleh ulisema tupokezane, ila kiuhalisia muda haukutosha, tuliporudi saa tisa mume akasema hana haja tena kavua viatu kalala mchangani. Ukitaka watu wawili wapokezane basi uje na basi la mapema zaidi.

Mama ndio kafurahi kuliko wote. Kapata kiti kivulini, kaangalia lile jabali masaa manne, kamfundisha mhudumu wa mgahawa kusema "asante". Nilipomwambia jabal ni jabali kasema angejua mapema angekuja na jina hilo kumtania yule afisa wa ubalozi aliyemuuliza maswali mengi.

Nuru swali la mwisho, akija tena mwakani, tunaombaje ile ya kuingia mara nyingi?

Nuru_wa_Malaga:

Hahaa mama mkali. Kwenye fomu ya maombi pana sehemu ya idadi ya kuingia, mjaze nyingi, na muambatanishe ile viza ya sasa iliyotumika vizuri ionekane alirudi kwa wakati. Hawalazimiki kumpa, ila aliyeheshimu ya kwanza ana nguvu ya kuomba. Ya Gibraltar ni ombi lingine kabisa, mlianze mapema msisubiri mpaka mko ufukweni.